Maji ya Alfajiri Nyuma ya Nyumba

Juzi nilifungua friji nikitafuta maziwa ya chai, nikakuta vitunguu vyenye udongo vimelala ndani ya mfuko wa karatasi, karibu na sukuma wiki. Nikachukua kisu. Mimi nikiona kitu cha mviringo chenye maganda, najua ni cha kukaanga.

"Kukhu, usikate hizo," mjukuu wangu akasema kutoka sebuleni. Kukhu ndio nyanya kwetu. Huyu msichana anasomea mambo ya maua chuoni. "Hizo si za mboga, ni maua ya kizungu. Zinakaa humo wiki kumi ndio zidhani ni baridi ya Ulaya. Bila baridi hazitoi ua."

"Najua," nikamwambia.

"Utajulia wapi, Kukhu, na shule uliishia la sita?"

"La tano. La sita nilikaa wiki tatu tu, nikaonana na hesabu ya sehemu, tukaagana vizuri."

Akacheka. Mimi nilikuwa bado nimeshika mlango wa friji, na ile harufu ya udongo baridi ilikuwa inaniingia puani. Nikakaa kwenye kiti cha jikoni. Yeye akadhani ni presha, akaniletea maji.

Sikumweleza. Nawaeleza nyinyi wa umri wangu, mliolalia mkeka na kuchapwa kwa makosa ya majirani. Nina ndugu anaitwa Egesa, fundi wa baiskeli pale Busia. Banda lake liko karibu na mpaka hivi kwamba akitupa nati mbovu inaangukia Uganda. Na huyo mtu hajawahi kuvuka mpaka, hata siku moja, maisha yake yote. Mimi ndiye niliyemfunga. Nilimfunga kabla hajazaliwa, kwa kopo la maji.

Wakati huo bendera mpya ilikuwa imeshapanda, lakini wazungu wengine walikuwa hawajafunga mizigo. Mmoja wao alikuwa anasimamia kazi ya barabara, na mke wake watu wakamwita Mama Barabara. Baba yangu alikuwa mtu wao wa shamba la maua. Nyumbani kwetu ni Busibwabo, na kila asubuhi baba alipanda baiskeli kwenda Busia, mimi nimekaa kwenye keria nyuma, miguu imeachana ili isiingie kwenye spoku. Nilikuwa sijaanza shule. Kazi yangu ilikuwa kubeba kopo la maji nyuma ya baba, na kuuliza maswali mpaka achoke.

Siku moja baba alitumwa Malaba kwenye stesheni ya gari moshi kuchukua boksi. Alirudi nalo limefungwa kwenye keria mahali pangu, mimi nimewekwa mbele kwenye bomba, makalio yamekufa ganzi. Boksi lilitoka kwa dada yake Mama Barabara huko kwao. Tulilizunguka wote. Tulitegemea nguo, au biskuti. Likatoa vitunguu.

"Amesafirisha vitunguu kwa meli," Juma mpishi akasema, "na soko la Busia limejaa."

Kumbe mambo yalikuwa bado. Mama Barabara alitoa nyama yote kwenye friji yake ya mafuta ya taa, akapanga vitunguu ndani. Vikakaa humo wiki baada ya wiki. Juma alikuwa analalamika kila tukipita jikoni: "Nyama inaozea nje, vitunguu vinalala ndani. Hii nyumba ina mwenyewe kweli?"

Baba alikuwa anaogopa kidogo. Aliniambia tukiwa njiani kurudi, "Kitu kinachowekwa baridi namna hiyo, mimi najua kimoja tu." Akapiga pedali.

Halafu siku ya kupanda ikafika, ule mwezi wa jua kali baada ya Krismasi, mto umebaki mawe na vyura wamehama. Mama Barabara alipiga magoti mwenyewe kwenye udongo, na kofia yake kubwa, akimfundisha baba. Mimi nilisimama karibu na kopo langu, na maneno yake niliyashika yote, kwa sababu kile Kiswahili chake kilikuwa rahisi kuliko cha watu.

"Hii hapana kufa," alisema. "Hii nalala. Kwanza baridi, mingi sana. Halafu weka chini ya udongo. Halafu maji kidogo, asubuhi, maji ya baridi. Kila siku, hapana sahau. Hapana mwaga kwa kichwa, mwaga kando. Yeye tasikia maji, taamka, tatoka."

"Kwao nani anamwagia, memsahib?" baba akauliza.

"Kwetu Mungu naweka barafu juu yake. Barafu naisha, maji naingia polepole. Hapa Mungu hapana leta barafu, basi mimi naleta."

Baba akasema ndiyo memsahib, kama alivyosema kwa kila kitu. Lakini mimi nilikuwa nimepigwa na hayo maneno. Kitu baridi, kimezikwa, hakijafa. Kinataka maji tu, na mtu asiyesahau.

Mnaelewa, nyumbani kwetu kulikuwa na kitu baridi kimezikwa.

Mama alikuwa amejifungua mtoto wa kiume wiki chache kabla. Aliishi siku nne. Siku ya nne asubuhi nilimgusa mguu, nikarudisha mkono haraka. Alikuwa baridi kama ndani ya ile friji, ambayo Juma aliniruhusu kuingiza mkono siku nikiwa na tabia nzuri. Hakuna aliyelia kwa sauti. Mtoto ambaye hajapewa jina hakuwa analiliwa. Majirani walipita wakasema, "Pole, ni maji yamemwagika, mtungi upo," wakaenda kuchunga. Baba alimzika nyuma ya nyumba, chini ya ncha ya paa, pale ambapo maji ya mvua yanadondoka kutoka kwenye nyasi. Kwetu mtoto mchanga aliwekwa hapo ili tumbo la mama yake lisikauke. Na mama mwenyewe hakuruhusiwa kufika pale, wala kuweka mguu wala mkono, mpaka apate mwingine. Kukhu, mama yake baba, ndiye aliyelinda hayo mambo, na alilinda vizuri kuliko polisi wa mpaka.

Sasa angalieni akili ya mtoto wa miaka saba. Nilihesabu kwa vidole: baridi amepata. Udongo amepata. Shimo la baba lilikuwa dogo, halikuwa refu sana kuliko yale ya bustani. Kilichokosekana ni maji, maana mvua ilikuwa mbali, paa halidondoshi kitu. Watu wazima wamesahau, nikasema. Wamemlaza wakasahau kumwamsha.

Basi nikaanza. Kabla ya jogoo wa jirani kumaliza, nilikuwa nachota kwenye mtungi wa nje, maji yaliyolala na umande, yanauma meno. Kopo moja, kando, si kwa kichwa. Kichwa chake nilijua kiko wapi kwa sababu nilikuwa nimeona. Udongo ulikuwa unayanywa kwa sauti ndogo, kama mtu anayenyonya jino. Mimi nilidhani ni yeye. Nilikuwa nainama naweka sikio, nasema polepole, "Polepole, usipaliwe." Halafu narudi kulala, miguu ya tope naificha chini ya blanketi la baba. Hata leo nikisikia udongo mkavu unanywa maji napata baridi mgongoni, na mimi ni mwanamke mzima wa kilo tisini.

Nadhani zilipita siku tano kabla Kukhu hajaona. Alikuwa anapita na ungo wake asubuhi, akasimama. Uwanja wote umepasuka kwa jua, vumbi mpaka kwenye kope, na pale nyuma ya nyumba kuna alama nyeusi ya maji, upana wa sinia.

"Nani amemwaga maji hapa?"

Hakuna mtu. Mimi nilikuwa nakula kiporo cha viazi, mdomo umejaa. Nilitaka kusema. Lakini Kukhu alikuwa ameuweka ungo chini kwenye vumbi, na mimi sikuwahi kuona Kukhu akiweka ungo chini.

Kesho yake, tena. Kesho kutwa, tena.

"Analia," Kukhu akamwambia baba. "Huyo mtoto analia. Mmemwacha aende bila jina, huko hawamjui, hawamfungulii."

"Mama, huenda ni umande," baba akasema.

"Umande umechagua mahali pamoja, eh? Umande una macho?"

Mama alikuwa amekaa mlangoni akichambua maharagwe. Alichambua yale maharagwe mpaka yakaisha, akayachanganya tena, akaanza upya.

Kwetu mtoto mchanga akilia bila kunyamaza, wazee humtajia majina ya waliokufa, moja moja. Akinyamaza kwenye jina, hilo ndilo lake. Huyo wa zamani ndiye amemtaka. Kukhu akaamua kufanya vile vile. Jua likiwa linaelekea kuzama alisimama pale na kutaja jina moja, akaenda zake. Asubuhi akaangalia udongo. Ukiwa mkavu, amekubali. Na hilo jina lingekuja kupewa atakayefuata, maana atakayefuata, Kukhu alisema, ni huyo huyo anarudi.

Alianza na babu yangu, mtu mzuri sana aliyekuwa anajua kutega samaki. Asubuhi udongo ukawa na maji. Akataja kaka ya babu, aliyekuwa mkristo wa kwanza hapo kwetu. Maji. Akataja mwingine aliyekuwa na sauti nzuri ya kuimba. Maji. Kila asubuhi Kukhu anarudi uzee umeongezeka.

"Ana kiburi huyu mtoto," akamwambia mama. "Amekataa watu wa maana watatu. Kimetoka upande wako hiki kiburi."

Mama akainamisha kichwa.

Na mimi? Msidhani nilikuwa mjinga mpaka mwisho. Siku ya jina la pili nilishaelewa kwamba wanasoma maji yangu. Lakini nilikuwa nimeshikwa pande zote. Nikisema, nachapwa. Nikiacha, atakauka, na Mama Barabara alikuwa amesema kila siku, hapana sahau. Nikaendelea. Nikajiambia atatoka tu, na akitoka kila mtu atasahau kuuliza.

Majina mazuri yakaisha. Yakabaki yale ya katikati, watu waliokufa bila sifa wala lawama. Hayo pia yakalowa. Lilibaki moja ambalo halikutajwa hata kwenye hadithi za jioni: Egesa. Huyo alikuwa mdogo wa babu. Aligombana na ndugu zake juu ya ng'ombe, akasimama kwenye uwanja huu huu, akasema hawatamwona tena wala kaburi lake. Akavuka Uganda kwa miguu. Wakamtafuta mpaka wakachoka. Kweli hawakumwona, wala kaburi. Wazee walisema atakayebeba jina lake ataivaa na ile safari: atavuka, hatarudi.

Sasa hapo ndipo siku moja inaingia. Tulifika Busia asubuhi tukamkuta Mama Barabara kwenye bustani na uma wa kuchimbia. Vitunguu vyake vilikuwa vimechelewa. Majani mawili matatu ya njano yalitoka yakalala. Alichimba cha kwanza akakibonyeza, kikapasuka kama yai viza. Akachimba cha pili. Vyote vilikuwa uji ndani ya maganda. Harufu yake sitaieleza mbele ya watu wanaokula.

"Maji mingi," akasema. "Udongo moto sana, maji mingi. Yeye naoza yote." Alikaa chini kwenye udongo, mtu mzima, na kofia yake, akalia. Baba aliangalia upande wa barabara kwa heshima. Juma akaleta chai, akaiweka karibu naye, akarudi jikoni bila kufanya mzaha.

Mimi niliona vile vitu vilivyopasuka, na niliona vingine pia, ambavyo havikuwa kwenye hiyo bustani. Kopo moja kila asubuhi, udongo wa moto. Nilikuwa nimefanya nini kule nyumbani? Siku hiyo nilitapika kwenye keria ya baba, akadhani ni jua. Tulifika giza linaingia, nikalala bila kula, nikajifunika kichwa. Sikusikia ni jina gani lilitajwa jioni ile. Sikutaka kusikia kitu chochote kutoka nyuma ya nyumba.

Asubuhi sikuamka. Yaani macho yalikuwa wazi, lakini mwili niliukataza. Niliwaza nikimwaga leo, naongeza kuoza. Acha akauke, pengine kilichobaki kitapona. Jogoo akaimba akamaliza. Nikasikia viatu vya Kukhu, vile vya mpira wa gari, vikienda nyuma, vikasimama.

"Pamekauka," akasema. Sauti yake ilikuwa kama ya mtu aliyekanyagwa.

Baba alikuwa anajaza upepo kwenye gurudumu. Aliacha pampu ikaanguka.

"Umetaja nani jana, mama?"

"Yule."

"Kwa nini umtaje yule?"

"Nilikuwa nimebaki na nani? Wewe?"

Nikatoka nje. Kukhu alikuwa amekaa chini kwenye vumbi, miguu imenyooka mbele kama mtoto. Mama alikuwa amesimama kando ya ukuta, uso umeingia rangi ya jivu. Wote walikuwa wanaangalia udongo mkavu. Hapo ningesema. Maneno yalifika mpaka kwenye meno. Nikaona pampu ya baba ilivyolala chini, ile ya chuma, nikaona ingenifaa mgongoni, nikanyamaza. Watu hunicheka kwamba naongea sana. Hawajui nalipia ile asubuhi.

Mama Barabara na mume wake waliondoka kabla ya mvua kubwa. Mtoto aliyefuata alizaliwa mwaka mwingine, wa kiume, mnene, mcheshi. Wakamwita Egesa kwa kunong'ona.

Mama hakumwachia. Alimfunga mgongoni mpaka miguu yake ikawa inagusa chini. Watoto wengine walivuka Uganda kama kwenda chooni, kununua ndizi, kusalimia shangazi, kuangalia mpira. Yeye hapana. Vijana wenzake walisimama ng'ambo wakimwita, "Egesa, njoo, Uganda haiumi," naye anacheka, anarudi kwenye spoku zake. Alipokuwa kijana, dereva mmoja wa lori pale Malaba alimpenda, akataka kumchukua awe msaidizi wake, waende mpaka Kampala na kurudi, afundishwe kuendesha. Alikuwa na kichwa cha injini huyo mtoto, angefika mbali. Asubuhi ya kuondoka mama alilala mlangoni kwa urefu wake.

"Nipite juu yako, mama?" Egesa akauliza.

"Pita. Mwenye jina lako naye aliruka watu akaenda."

Hakupita. Akavua shati lake jipya, akaenda kuziba pancha. Mimi nilikuwepo, nimeolewa tayari, nimekuja na mtoto mgongoni. Niliona uso wake akivua lile shati. Nikafanya mzaha fulani, watu wakacheka, hata yeye.

Mwaka juzi mama aliishiwa nguvu, tukamleta kwangu. Alikuwa mwepesi kama fagio. Alasiri moja, tukiwa wawili, namsugua miguu na mafuta, nikaona kama sitasema sasa nitakuja kuliambia jeneza.

"Mama, yale maji yalikuwa mimi."

"Maji gani?"

"Ya nyuma ya nyumba. Ya yule mtoto wa siku nne. Nilikuwa namwagilia aamke."

Alisogeza mguu kwenye mkono wangu. Halafu akasema, "Kopo lako lilikuwa na tundu. Ulikuwa unaziba na kidole."

Mimi mwenyewe nilikuwa nimelisahau lile tundu.

"Ulikuwa unaniona?"

"Kila siku. Nilikuwa natazama kupitia ufa wa ukuta. Mimi nilikatazwa kufika pale. Wewe ulikuwa unafika, unainama, unaongea naye." Akavuta pumzi. "Hakuna mwingine aliyeongea naye."

"Mbona hukumwambia Kukhu? Alikuwa anakutukana."

"Ningesema, ungeacha."

Niliendelea kusugua, kwa sababu sikujua mikono niiweke wapi. Kisha nikauliza juu ya ile asubuhi nisiyomwaga.

"Nilisikia jioni akimtaja Egesa," akasema. "Nikasema moyoni, hakuna neno, kesho mtoto atamwaga maji, hilo jina litaondoka. Nikakaa kwenye ufa mapema. Nikakungoja."

"Ungeniamsha, mama."

"Nilikuja. Nilisimama juu ya mkeka wako. Ulikuwa umejifunika kichwa. Nikaona nikikuamsha, ni kama nimemwaga kwa mkono wangu, na huenda nisizae tena. Nikarudi kwenye ufa. Nikakungoja mpaka nikasikia viatu vyake."

Jua lilikuwa limefika kwenye kitanda, nikavuta pazia. Nilipogeuka alikuwa ananiangalia.

"Egesa anakuja leo?"

"Yuko njiani, mama. Amepiga simu."

"Anatoka upande gani?"

"Upande wetu," nikamwambia.

Akafumba macho, akaniachia mguu mwingine nisugue.